"Ajali ya moto" au "ajali ya gari": namna rejista ya hospitali inavyomsahau mtembea kwa miguu

Majeruhi wa ajali akifikishwa hospitalini, kazi ya kwanza ni kumwokoa. Damu isimamishwe, apumue vizuri, mfupa uliovunjika ushikwe. Maandishi yanakuja nyuma, na mara nyingi yanakuja kwa herufi tatu tu: AVP. Ni kifupi cha Kifaransa cha ajali ya barabarani, na waganga wa Goma, Bukavu, Bunia au Lubumbashi wanakijua vizuri.

Herufi hizo tatu zinatosha kwa kuanza matibabu. Lakini hazisemi kama aliyeletwa alikuwa motari aliyeteleza kwenye mvua, abiria wa taksi iliyopinduka, au mama aliyekuwa akivuka barabara na beseni yake kichwani. Hazisemi pia kama kilichomgonga mama huyo kilikuwa pikipiki, jeep au kamyo ya mchanga. Mwisho wa mwezi, watu hao wote wanajumlishwa pamoja, na mtembea kwa miguu anapotea ndani ya jumla hiyo.

Jambo hilo linaonekana kama la karani na kalamu yake. Kumbe linagusa uhai. Mahali pa kuweka matuta, barabara gani itengenezewe njia ya pembeni, shule ipi ichorewe mistari ya kuvukia, yote hayo yanapaswa kuamuliwa kwa kujua nani anaumizwa, na nini, na wapi. Asiyeandikwa hahesabiwi, na asiyehesabiwa hakuna anayemfikiria wakati wa kugawa franga za barabara.

Kitabu kimoja kwa dunia nzima

Chombo cha kuandika tofauti hizo kipo tangu zamani. Shirika la Afya Ulimwenguni, OMS, linatunza orodha kubwa inayoitwa Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa. Waganga wa Kongo wanaijua kwa kifupi chake cha Kifaransa, CIM. Mzizi wake ni orodha ya sababu za vifo iliyotayarishwa na Mfaransa Jacques Bertillon na kuwasilishwa mwaka 1893 huko Chicago, Marekani. Toleo la kumi, CIM-10, lilipitishwa mwaka 1990. Toleo la kumi na moja lilipitishwa mwaka 2019 na kuanza rasmi tarehe 1 Januari 2022, lakini nchi nyingi bado zinatumia la kumi wakati zinajitayarisha kwa hilo jipya.

Wazo la kitabu hicho ni rahisi. Kila ugonjwa, kila jeraha na kila sababu ya kifo inapewa kode: herufi moja na tarakimu chache. Kipindupindu ni A00. Malaria inaanzia B50 hadi B54. Munganga wa Uvira akiandika A00, mwenzake wa Dar es Salaam au wa Paris anaelewa jambo lilelile bila kuhitaji mkalimani.

Kwa majeraha, kitabu kinauliza maswali mawili yaliyo mbali moja na lingine. La kwanza: mwili umeumia wapi? Hapo ndipo kode za herufi S na T zinatumika. Kuvunjika mfupa wa paja ni S72, kuvunjika mfupa wa chini ya goti ni S82, jeraha la ndani ya kichwa ni S06. Swali la pili: nini kilichomuumiza? Hapo kode zinaanzia V hadi Y, na herufi V ndiyo ya ajali za usafiri.

Munganga, kwa kawaida, hakosi kujibu swali la kwanza, kwa sababu ndilo linalomwonyesha matibabu ya kutoa. La pili ndilo linaloachwa wazi. Mguu uliovunjika unatibiwa namna ileile, uwe umevunjwa na pikipiki au na kamyo. Kwa daktari wa mifupa, tofauti si kubwa. Kwa mji mzima, tofauti ni kubwa sana.

Namna ya kusoma kode V

Kode za ajali za barabarani zina mpangilio ambao hata mtu asiye munganga anaweza kuuelewa. Tarakimu ya kwanza baada ya V inasema aliyeumia alikuwa nani. Sifuri ni mtembea kwa miguu. Moja ni mwenye kinga, yaani baiskeli. Mbili ni mtu wa pikipiki. Tatu ni aliyekuwa ndani ya chombo cha injini cha magurudumu matatu. Nne ni aliyekuwa ndani ya gari dogo, tano ndani ya pick-up au kamionete, sita ndani ya kamyo kubwa, saba ndani ya basi.

Tarakimu ya pili inasema alipambana na nini. Kwa mtembea kwa miguu, orodha inakuwa hivi:

V01: aligongwa na kinga. Ni kode inayofaa Kisangani, mji wa toleka, zile kinga zinazobeba abiria.

V02: aligongwa na pikipiki au chombo cha injini cha magurudumu matatu. Katika miji ambako pikipiki ndiyo taksi ya kila mtu, hii ni kode ambayo ingepaswa kujulikana na kila mwandishi wa rejista.

V03: aligongwa na gari dogo, pick-up au kamionete.

V04: aligongwa na kamyo kubwa au basi. Barabara za Katanga zinazopitiwa na kamyo za migodi mchana na usiku zinaelezwa na kode hii.

V05: aligongwa na gari la moshi. Mahali ambako reli inakatiza makazi ya watu na kugeuzwa kuwa njia ya kwenda sokoni, kode hii si ya vitabuni tu.

V06: aligongwa na chombo kingine kisicho na injini, kama vile mkokoteni unaovutwa na mnyama.

V09: aligongwa, lakini chombo hakijulikani au hakikuandikwa.

Baada ya nukta inakuja tarakimu moja tena. Moja inamaanisha ajali ilitokea kwenye barabara ya watu wote. Sifuri inamaanisha ilitokea nje ya barabara hiyo: ndani ya parsele, kwenye kiwanja cha kuegeshea magari, ndani ya eneo la mgodi. Tisa inamaanisha mahali hapakujulikana. Kwa hiyo mtoto aliyegongwa na gari la baba yake lililokuwa likirudi nyuma ndani ya parsele ni V03.0. Mtoto wa rika lake aliyegongwa na gari la namna hiyohiyo mbele ya shule, barabarani, ni V03.1. Kifo cha wote wawili kinauma sawasawa, lakini dawa yake si moja. Wa kwanza anahitaji wazazi wenye tahadhari. Wa pili anahitaji matuta na polisi.

Mgongano mmoja unaweza pia kuzaa kode mbili. Pikipiki ikimgonga mtu anayevuka, na motari naye akaanguka, mtembea kwa miguu anaandikwa V02 na motari anaandikwa V20, maana yake mtu wa pikipiki aliyepambana na mtu wa kwa miguu au mnyama. Wakiandikwa wote wawili "ajali ya pikipiki", hesabu ya mwisho itaonyesha wamotari wawili walioumia. Viongozi watatoa mafundisho juu ya kofia ya chuma, na ni vizuri. Lakini kofia ya motari haimlindi mama aliyekuwa akivuka.

Aliyekaa chini naye ni "mtembea kwa miguu"

Neno lenyewe linaweza kudanganya. Kwa CIM-10, mtembea kwa miguu ni kila mtu aliyeumia katika ajali ya usafiri ambaye wakati huo hakuwa ndani ya gari, wala juu ya pikipiki, kinga, mnyama au chombo kingine. Hakuna sharti kwamba awe akitembea.

Mama anayeuza ndizi akiwa amekaa ukingoni mwa barabara, gari likapoteza njia na kumkuta kwenye kiti chake, ni mtembea kwa miguu. Na kwa kuwa kitabu kinahesabu ukingo kuwa sehemu ya barabara ya watu wote, ajali yake inaingia kwenye zile za barabarani. Msaidizi wa dereva aliyelala chini ya kamyo akibadilisha gurudumu, gari lingine likamgonga, ni mtembea kwa miguu pia. Kitabu kinamtaja waziwazi mtu anayebadilisha gurudumu au kutengeneza injini. Mtu aliye kwenye kiti cha magurudumu cha walemavu yumo pia. Na anayesukuma pusupusu yumo, kwa sababu mkokoteni wa kusukuma kwa mikono umewekwa katika vyombo vya watu wa kwa miguu.

Na chukudu? Hakuna mahali CIM inapotaja chombo hicho cha mbao ambacho wakaaji wa Goma wamekijengea hata sanamu. Lakini maelezo ya kitabu yanasaidia. Kinga, kwa CIM-10, ni chombo kinachoendeshwa kwa pedali peke yake, na chukudu haina pedali. Upande mwingine, chombo cha kusukuma kwa mguu mmoja, kile ambacho watoto wa Ulaya wanakichezea, kimewekwa pamoja na viti vya magurudumu na mikokoteni. Chukudu ni ndugu mkubwa wa chombo hicho. Kwa hiyo mwenye chukudu aliyegongwa na kamyo kwenye mteremko, akiwa na magunia ya viazi au makaa, anaelekea upande wa watembea kwa miguu na si wa wenye kinga. Lililo muhimu zaidi ni kwamba hospitali zote za mji zikubaliane kumwandika namna moja. Moja ikimweka kwa kinga, nyingine kwa watembea kwa miguu, na ya tatu kwenye "mengineyo", hakuna atakayejua wenye chukudu wangapi wanaumia kwa mwaka.

Kuna mtego mwingine kwenye magari ya abiria. Gari dogo ni lile lililotengenezwa kubeba watu wasiozidi 10. Linalobeba zaidi ya hapo na kuhitaji ruhusa maalum ya kuliendesha ni basi. Kinachohesabiwa ni namna gari lilivyotengenezwa, hata kama watu wamebanwa wanne wanne kwa kiti. Neno "taksi" peke yake, basi, halimwambii mwandishi kama aandike V03 au V04, na katika miji yetu hata pikipiki ni taksi.

Lugha nayo inaficha

Tatizo linaanza kabla kalamu haijagusa karatasi. Familia inaeleza kwa Kiswahili, rejista inaandikwa kwa Kifaransa, na kati ya lugha hizo mbili mambo yanapotea.

Mfano ulio wazi zaidi ni neno "moto". Mashariki mwa Kongo, moto ni ule unaowaka jikoni, na moto ni pikipiki pia. Mtu akisema "mtoto alipata ajali ya moto", anayesikiliza anaweza kuandika jeraha la kuungua, ambalo sababu yake iko kwenye kode za herufi X, mbali kabisa na barabara. Kidonda kikionekana, kosa linasahihishwa haraka. Lakini mtu akisema "alianguka na moto", je, alikuwa juu yake au iliangukia juu yake? Alikuwa dereva, abiria, au mtu aliyekuwa akipita? Hapo macho hayatoshi, lazima kuuliza.

Neno "gari" lina shida hiyohiyo. Kwa wengi, gari ni kila kitu chenye injini na magurudumu zaidi ya matatu: jeep, Fuso, basi, trela. "Aligongwa na gari" ni sentensi kamili kwa Kiswahili, lakini kwa CIM inaishia V09.2: mtembea kwa miguu, barabarani, gari la injini lisilojulikana. Na "alipata ajali barabarani" ni mbaya zaidi, kwa sababu haisemi hata kama alikuwa kwa miguu. Hiyo inatupwa kwenye V89, kisanduku cha watu walioumia katika ajali ya chombo kisichoelezwa. Kisanduku hicho kikijaa, rejista inakuwa nzito na bado haisemi kitu.

Kifo kinapobadilisha mpangilio

Kwa majeruhi aliye hai, jeraha ndilo linalotangulia: S72 kwanza, kisha V04.1 inaongezwa kama maelezo. Akifa, mpangilio unageuka. Kwa takwimu za vifo, sababu ya msingi haiwi paja lililovunjika wala damu iliyotoka ndani. Inakuwa tukio lililoanzisha yote, yaani kugongwa na kamyo. V04.1 inapanda juu, S72 inashuka.

Ndiyo maana karatasi ya kifo ya kimataifa ina mistari inayopandana. Juu kunaandikwa kilichomuua mwishoni, kwa mfano kuishiwa damu. Chini yake, kilicholeta hilo: kuvunjika mifupa ya nyonga. Chini kabisa, mwanzo wa yote: alikuwa kwa miguu, akagongwa na kamyo kubwa barabarani. Mstari huo wa chini ukiachwa mtupu, wenye kuweka kode hawaruhusiwi kubuni. Kifo kitakwenda kwenye X59, kode ya jambo lisilojulikana. Mtu ameuawa na gari mchana, mbele ya soko zima, na kwenye hesabu anabaki mtu aliyekufa kwa sababu isiyojulikana.

Muda nao unachanganya. Majeruhi anaweza kufa wiki mbili baadaye kwa kidonda kilichooza, akiwa amehamishwa kutoka kituo cha afya hadi hospitali kuu ya zone. Kwa takwimu za barabara, OMS inahesabu kifo kilichotokea ndani ya siku 30 baada ya ajali. Lakini kama barua ya kuhamisha mgonjwa inasema tu "kidonda kilichoambukizwa", hospitali inayopokea haina njia ya kurudi nyuma hadi kwenye pikipiki iliyomgonga.

Hesabu ya kukisia

Madhara yake yanaonekana kwenye namba za nchi nzima. Katika ripoti yake ya mwaka 2018 juu ya usalama wa barabarani, OMS ilikadiria kwamba Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo ilipoteza zaidi ya watu 26,000 barabarani mwaka 2016, karibu 34 kwa kila wakaaji 100,000. Hayo yalikuwa makadirio, kwa sababu nchi isiyo na uandikishaji kamili wa vifo na sababu zake hukadiriwa kwa mahesabu, kwa kutazama mambo mengine yanayojulikana juu yake. Vifo vilivyoripotiwa rasmi vilikuwa vichache mno kulinganisha na namba hiyo.

Kwa dunia nzima, OMS ilihesabu vifo milioni 1.19 vya barabarani mwaka 2021. Kati yake, watu 274,000 hivi walikuwa watembea kwa miguu, sawa na asilimia 23. Ajali za barabarani ndizo zinazoua zaidi watoto na vijana wa miaka 5 hadi 29. Na asilimia 92 ya vifo hivyo inatokea katika nchi zenye kipato cha chini na cha kati, ambako watu wengi wanatembea.

Hapa nchini, vituo vya afya vya zone 519 hutuma hesabu zao za kila mwezi kupitia mfumo wa taifa wa habari za afya, SNIS, na hesabu hizo zinaingizwa kwenye programu ya DHIS2. Mfumo huo umesaidia kufuata kipindupindu, surua na malaria, kwa sababu mgonjwa wa kipindupindu anaandikwa kipindupindu. Majeruhi anayeandikwa "ajali" peke yake hawezi kupata faida hiyo, hata programu iwe nzuri namna gani. Kompyuta haiwezi kutoa kile ambacho muuguzi hakuandika.

Faida ya kujua si ya wataalamu wa takwimu tu. OMS inaeleza kwamba hatari ya kufa kwa mtu anayegongwa na sehemu ya mbele ya gari dogo inaongezeka mara nne na nusu pale mwendo unapopanda kutoka kilomita 50 kwa saa hadi 65. Hospitali ikionyesha kwamba V03 na V04 nyingi zinatoka kwenye kipande kimoja cha lami mpya, matuta yanajua pa kuwekwa. Ikionyesha V02 nyingi karibu na soko moja, shida iko kwenye maegesho ya wamotari. Ikionyesha watoto wengi saa ya kutoka shule, polisi mmoja wa barabarani kwa saa moja anaweza kufanya kazi kuliko bango kubwa. Umoja wa Mataifa umeweka lengo la kupunguza nusu ya vifo vya barabarani ifikapo mwaka 2030. Nchi isiyojua ilianzia wapi haitajua kama imefika nusu.

Kode si hukumu

Familia nyingi zinauliza swali lingine: karatasi ya hospitali itasaidia kupata malipo? Hapa lazima kutofautisha. Kode ya CIM haisemi nani ana kosa. V03.1 haimhukumu dereva wala haimtetei aliyevuka vibaya. Kosa linatafutwa na polisi wa barabarani kupitia PV yao, na linaamuliwa na mahakama, kwa kufuata Kode mpya ya barabara ya tarehe 30 Agosti 1978. Tusichanganye kode hiyo ya sheria na kode za waganga.

Tangu sheria ya tarehe 5 Januari 1973, bima ya kulipia madhara wanayopata watu wengine ni ya lazima kwa magari yanayotembea nchini. Kwa hiyo mtembea kwa miguu aliyegongwa ana njia ya kudai. Lakini njia hiyo inapita kwenye karatasi: PV ya polisi na hati ya munganga. Karatasi hizo mbili zikisema mambo tofauti, mdai ndiye anayeumia. PV ikisema "aligongwa akivuka", na hati ya hospitali ikisema "alianguka kwenye pikipiki", mwenye kulipa atapata sababu ya kukataa. Rejista iliyoandikwa vizuri siku ya kwanza, kabla ya mtu yeyote kufikiria franga, ni shahidi asiyenunuliwa.

Ni vizuri pia kukumbuka kwamba hesabu zinazotumwa juu hazihitaji jina la mgonjwa. Mji unaweza kujua watu wangapi waligongwa na kamyo bila kujua ni akina nani. Siri ya munganga inabaki mahali pake.

Maswali machache mlangoni

Kuandika vizuri hakuhitaji mashine ya bei. Mwaka 2001, OMS pamoja na kituo cha Marekani cha kudhibiti magonjwa, CDC, walitoa mwongozo wa kufuata majeraha, uliofikiriwa pia kwa hospitali zenye uwezo mdogo. Mambo ya lazima unayotaja yanaingia kwenye nusu ya ukurasa: umri, mke au mume, kama ni ajali au ni makusudi, ilitokea wapi, mtu alikuwa akifanya nini, nini kilimuumiza, na ameumia namna gani.

Kwa ajali za barabarani, hospitali inaweza kupiga muhuri wenye visanduku vya kutia alama: kwa miguu, kinga, pikipiki, gari. Kisha: aligongwa na nini. Muuguzi aliye zamu usiku, mwenye wagonjwa wanne mbele yake, hana nafasi ya kufungua kitabu cha CIM. Ana nafasi ya kutia alama mbili. Kode yenyewe inaweza kuwekwa kesho yake na mtu wa takwimu, akiwa ametulia, mradi maneno yapo. Na CIM-11 haitaondoa kazi hiyo. Ndani yake mtembea kwa miguu aliyeumia barabarani ana kode yake mpya, PA00, na maelezo juu ya chombo kilichomgonga yanaongezwa pembeni. Maelezo hayo bado yatatoka kinywani mwa mtu aliyeona.

Mtu huyo, mara nyingi, ni jirani, motari aliyembeba, au ndugu aliyekuja mbio. Ndiye anayejua kabla ya polisi na kabla ya munganga. Akifika mlangoni na kusema "alikuwa kwa miguu, kamyo ya mchanga ilimgonga akivuka barabara ya Sake, saa kumi na mbili ya jioni", ametoa kila kitu kinachohitajika kuandika V04.1. Akisema tu "alipata ajali", muuguzi na amuulize tena: alikuwa kwa miguu ao juu ya kitu? Nini kilimgonga? Wapi? Majibu yanachukua muda mfupi kuliko kuvaa glavu.